Ami na Sahani ya Oslo

Ijumaa ya tarehe 12 Februari 2021 nilimpigia simu Ami yangu, Unguja. Kwangu Oslo ilikuwa saa saba mchana, kwake saa tisa. Amesharudi msikitini, ameshakula, yuko barazani. Usiku wa kuamkia siku ile nilikuwa nimesoma kwamba Chick Corea, mpiga piano wa jazi wa Marekani, amefariki, na tangu asubuhi santuri yangu ilikuwa inazungusha sahani moja tu, Crystal Silence.

"Shikamoo Ami. Kuna kitu nataka ukisikie."

"Marahaba. Kama ni jazi, mwanangu, unanijua."

Ami alipiga ganuni katika taarabu zaidi ya miaka thelathini, mpaka vidole vilipoanza kukaza. Jazi aliiona vurugu, kila mtu anamkimbilia mwenzake kumpita. Hii niliichagua kwa sababu haina ngoma wala besi. Ni Corea kwenye piano na Gary Burton kwenye vibrafoni, chombo cha ukoo wa marimba, ila vibao vyake ni vya chuma, chini yake mabomba, na kina pedali ya kuzuia mlio. Waliirekodi hapa hapa Oslo, Novemba 1972, kwa siku moja, chini ya Manfred Eicher, mtayarishaji wa ECM, kampuni ya kutoa sahani. Nilipohamia huku, baridi ikinitoa machozi kila asubuhi, nilikuwa nikijiambia kwamba mji uliotoa sauti ile hauwezi kuwa mbaya.

Nikaiweka simu mbele ya spika. Haikufaa. Simu ilikuwa inaimeza milio kabla haijaisha, Ami anasikia vipande vipande. Nikamtumia muziki wenyewe kwa WhatsApp, akaazima vipokea sauti vya mjukuu wake, tukakata simu. Wimbo uliobeba jina la sahani una dakika kama tisa. Nilizikaa zote dirishani, natazama theluji, moyo unanidunda kama mtu anayesubiri matokeo ya mtihani.

Simu ikaita.

"Huyu wa vyuma ana mikono mingapi?"

"Miwili, Ami. Kila mkono umeshika fimbo mbili."

"Basi ndiyo maana." Akanyamaza kidogo. "Umemsikia anavyozima?"

Sikumwelewa. Miaka yote nilikuwa nimeipenda sahani ile kwa milio yake mirefu inayoning'inia hewani. Ami akanieleza kwa utulivu, kama alivyokuwa akinifundisha kusoma juzuu. Ganuni ina nyuzi zaidi ya sabini, akasema, na ukiziacha zilie zote, zinachafuana. Kazi ngumu ni ya kiganja: uzi huu unyamaze, ule uendelee. "Huyu anapiga kwa fimbo moja, nyingine anailaza juu ya kibao alichokwisha kukipiga. Anamfagilia njia mpiga piano apite. Na yule wa piano haingii mpaka njia iwe safi."

Nikarudisha sindano mwanzo, simu ikiwa bado sikioni. Kweli. Burton ana kawaida ya kupiga bila ile mota inayoutetemesha mlio, kwa hiyo kila noti imenyooka, na mwisho wake unasikika wazi. Nikaanza kuisikia miisho ile: huu umekatwa taratibu, huu umeachwa ufifie wenyewe, na pale pale, katika nafasi iliyobaki, piano inaingia. Nilikuwa nimeishi na sahani ile miaka, na mtu asiyependa jazi ameifungua kwa kuisikia mara moja.

"Ami, upo?"

Hakujibu. Nilimsikia akimwita mjukuu, kisha kitambaa kikifunuliwa, kisha ufunguo ukikaza nyuzi moja baada ya nyingine. Ilichukua muda mrefu. Ganuni ile ilikuwa haijaguswa tangu tulipomzika shangazi. Akapiga uzi mmoja, akauacha ulie, akauzima kwa kiganja. Akapiga tena.