Majani ya sungura: yapi ukate, yapi uyaache

Kwa sungura, chakula kikuu ni nyasi. Majani mengine ni nyongeza, hata kama ni mabichi na mazuri kiasi gani.

Nyongeza nzuri ni matembele, kishona nguo kabla hakijatoa mbegu, na mchunga. Ukivunja shina la mchunga, utomvu mweupe hutoka. Usiogope, sungura wanaupenda. Utomvu wa mnyaa nao ni mweupe, lakini huo unaunguza macho na ngozi. Kwa hiyo litambue jani lenyewe, usitegemee rangi ya utomvu.

Usiwape kabisa majani ya parachichi, nyanya, viazi mviringo, mbono wala kisamvu kibichi. Lukina, mti unaopandwa kwa malisho, wape majani yake kidogo tu, maana ikizidi manyoya hunyonyoka.

Kinachoua wengi, hata hivyo, ni uzembe wa baada ya kukata. Majani yakirundikwa kwenye gunia yanapata joto. Tia mkono katikati: yakiwa ya moto na yananuka uchachu, tupa. Sungura hawezi kutapika, na gesi ikijaa tumboni hali huwa mbaya haraka. Kata asubuhi umande ukishakauka, tandaza kivulini hadi yanyauke, kisha weka kwenye kichanja, si sakafuni penye mkojo.

Jani jipya anza na kiganja kimoja kwa siku, kisha ongeza taratibu kwa wiki moja. Kinyesi kikilainika, rudi kwenye nyasi tupu. Kando ya shamba lililopuliziwa dawa, usikate hata jani moja.