Usiku tuliomuona Carmen wa Khayelitsha

Hii ilikuwa Dar, mazoezi ya kwaya yameisha, umeme upo, mwalimu wetu akasema leo hakuna kukimbilia daladala, kuna filamu nataka watu wa soprano waione. Tukajazana sebuleni kwake, wengine chini kwenye mkeka, mkewe anapitisha chai ya tangawizi na karanga.

Ikawekwa U-Carmen eKhayelitsha. Sisi opera, ule mchezo wa kuigiza kwa kuimba, tulikuwa tunaijua kama wazungu wanene wanaopiga kelele, tusifichane. Sasa inaanza unaona vibanda vya mabati vya Khayelitsha kule Cape Town, wadada wa kiwanda cha sigara, mapolisi, na muziki ni uleule wa opera ya Carmen ya Bizet, yule mtunzi Mfaransa, wa 1875 ila wanaimba Kixhosa, ile milio ya ulimi inagonga katikati ya noti utadhani Bizet mwenyewe aliiandika. Afu anatokea Pauline Malefane, ndo Carmen mwenyewe. Mdada na mwili wake, shangazi yangu wa Mbagala kabisa, anafungua mdomo... jamani!

Kaka mmoja wa besi akaanza ubishi, hiyo sauti sio yake bana, wamembandikia. Mwalimu akasimamisha picha. Akasema opera nyingi za filamu mnarekodi kwanza studio halafu mbele ya kamera unafuatisha mdomo, hata filamu ya Carmen ya mwongozaji Francesco Rosi ya 1984, ile ya Julia Migenes na Plácido Domingo, ilifanywa hivyo, sauti zao wenyewe lakini sio za siku ile. Na hapo ndo pagumu, maana jukwaani unamuimbia mtu wa kiti cha mwisho bila maiki, sura imekunjamana, mishipa imetoka, nani anakuona? Kwenye filamu lenzi iko hapa, akaweka kiganja mbele ya pua ya yule wa besi, na usipovuta pumzi palepale ulipoivuta studio umeumbuka.

Akarudisha nyuma, akapunguza sauti hadi mwisho, akatuambia tuangalie shingo na mbavu tu. Yaani watu wazima tumekaa kimya tunakodolea macho koo la mtu. Soprano wetu mmoja akaanza kuvuta pumzi naye bila kujijua, tukacheka mpaka chai ikamwagika.

Filamu ile ya Khayelitsha ilichukua Dubu wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Berlin, mwaka 2005, na Malefane hakuimba tu, alishiriki kuyatia maneno kwenye Kixhosa. Baadaye nilimuona kwenye filamu ya Son of Man akiwa Maria mama wa Yesu, na mimi nasema pale kaigiza kuliko hata kwenye Carmen, ila hilo watu wa kwaya hatukubaliani.

Ilipofika Carmen anauawa mke wa mwalimu akapigia kelele tivii, "Mwanaume anakufuatafuata hivyo unamsubiri nini wewe?" Yule wa besi hakukubali kitu. Akaazima dividii akachunguze mwenyewe ile midomo, na mpaka leo mwalimu anamdai.