Pauni 43 za kijiji

Bili ya kodi ya halmashauri ilipofika mwezi wa nne nilikasirika mpaka chai ikapoa mezani. Nimepanga chumba na sebule katika kijiji kidogo Lincolnshire, Uingereza, kazi yangu kuhudumia wazee. Hata baada ya punguzo la asilimia 25 la anayeishi peke yake, inauma. Wameigawa mstari kwa mstari: kaunti, polisi, wilaya, na chini kabisa jina la kijiji chetu, pauni 43 kwa mwaka. Za nini? Taa ya kituo cha basi ilikuwa imekufa tangu Novemba, na ndipo ninaposubiri lifti ya mwenzangu alfajiri. (Mnaokuja huku kutoka Tanzania, leseni ya udereva ya kwetu mnaendeshea miezi 12 tu. Anzeni mapema kujiandaa na mtihani wa huku, vijijini bila gari utateseka.)

Bibi ninayemhudumia akaniambia, nenda kwenye mkutano wa baraza la kijiji ukawaulize. Tangazo lilikuwa kwenye ubao wa kioo karibu na kanisa. Nikaenda.

Madiwani saba, wengi wastaafu, hakuna anayelipwa mshahara. Anayelipwa ni karani. Mabaraza haya ya vijiji yapo tangu sheria ya 1894. Karani akasoma malipo moja baada ya jingine: kukata nyasi za makaburini, bima, pauni 11 na peni 40 za bawaba ya geti la uwanja wa watoto. Bawaba hiyo ilijadiliwa dakika tano nzima, kwa nini mpya wakati ya zamani ilinunuliwa juzi.

Koo lilinikaba. Kwetu Tanzania mkutano mkuu wa kijiji unatakiwa kila miezi mitatu, mapato na matumizi yasomwe mbele ya wananchi. Nimekulia kijijini hadi miaka 24. Mama aliuza kuku akachangia zahanati, boma likabaki bila paa, miti ikaota ndani. Sijawahi kusikia hata shilingi moja ikisomwa. Aliyeuliza aliambiwa ametumwa. Uwezo wa kusoma daftari mbele ya watu tunao, ndugu zangu, hauhitaji pesa za wafadhili.

Ikafika zamu ya wananchi. Nikasimama, sauti ikitetemeka, nikaitaja taa. Mwenyekiti akasema ni ya kijiji kweli, akaniomba radhi, karani akaandika.

Sisi wa Jumuiya ya Madola tunaoishi huku kihalali tunaruhusiwa kupiga kura za madiwani. Watanzania, Wakenya, Waganda, jiandikisheni! Nilikaa miaka miwili bila kujua.

Nikitoka, diwani mmoja, mzee wa miaka themanini hivi, alinisindikiza hadi mlangoni kwangu na tochi yake, kisha akanipa. Akasema nikae nayo mpaka taa itengenezwe.

Taa iliwaka siku ya 16. Tochi nilimrudishia kwenye mkutano uliofuata, nimeiwekea betri mpya.