Nyumba ya Mtoni

Jumapili nilipanda daladala ya Bububu pale Darajani nikashuka Mtoni, safari ambayo naiahirisha miaka yote hii na kila siku napita hapo hapo barabarani. Unateremka upande wa pwani kidogo tu unayakuta magofu, kuta nene hazina paa, matao yamebaki na anga, mizizi imeingia kwenye mawe. Hii ndo nyumba ya kwanza ya kifalme ya Seyyid Said, Sultani wa Omani, hapa Unguja, Beit el Mtoni, alianza kuijenga baada ya kufika mara ya kwanza mwaka 1828 akitokea Maskati, na alivyoipenda Unguja akaishia kuhamishia makao yake huku kabisa.

Nilikaa uani nikawa najaribu kuiona ilivyokuwa. Binti yake Salme alizaliwa humu 1844 na ndo aliyetuachia picha ya maisha ya ndani, maana alikuja kuandika kumbukumbu zake kwa Kijerumani zikachapishwa 1886. Anasema uani walikuwa wanazurura tausi, paa, mbuni, korongo wekundu, mabata, na kulikuwa na tausi mmoja mkali sana mpaka watoto siku moja wakamkamata wakamng'oa manyoya ya mkia! Mwisho wa ua kulikuwa na mabafu, watu wanaingia wanatoka tangu alfajiri. Watu zaidi ya elfu moja waliishi hapa, na nataka hili lisemwe wazi, wengi wao walikuwa watumwa, na wake wa Sultani karibu wote walikuwa masuria walionunuliwa, mama yake Salme mwenyewe aliletwa kutoka Circassia, huko milima ya Kaukazi, akiwa mtoto. Sisi tukisimulia habari za majumba haya tunapenda kutaja marumaru na karafuu, waliobeba mawe hatuwataji.

Sehemu iliyonigusa zaidi ni roshani kubwa ya duara iliyokuwa inatazama bahari, wao waliiita benjile, Said alikuwa anatembea pale huku na huko kichwa kimeinama, anachechemea kidogo kwa sababu ya risasi ya zamani pajani. Kulikuwa na darubini pia, anayetaka anatazama. Leo ukisimama upande ule unaona bahari ile ile na ngalawa.

Sasa ilikufaje? Watu wengi watakwambia moto wa 1914, na kweli iliungua, lakini mie naona ilikuwa imeshakufa zamani. Said alifariki 1856 baharini karibu na Shelisheli akirudi kutoka Maskati, na kuanzia hapo hakuna mwenye nyumba tena. Mwanawe Majid akaenda kuanzisha mji wake Dar es Salaam, mwanawe mwingine Barghash akajenga Marahubi, akajenga Chukwani, akajenga Beit al-Ajaib, yaani Nyumba ya Maajabu, 1883, yaani kila anayekalia kiti anataka nyumba yenye jina lake na ya baba inaachwa. Salme aliporudi 1885, baada ya miaka karibu 20 Ujerumani, alienda Mtoni akakuta gofu. Miaka 29 tu tangu baba yake afe! Marahubi nayo ikaungua 1899, leo zimebaki nguzo.

Na hizi nyumba zetu za mawe haziwezi kuachwa, anayeishi Mji Mkongwe anajua. Ukuta ni mawe ya matumbawe na udongo umeshikiwa na chokaa, dari imelala juu ya boriti za mikoko, mvua ikipata tundu moja juu inashuka mpaka kwenye boriti, boriti inaoza kichwa chake kilichoingia ukutani ambapo huoni, alafu siku moja dari lote linakuja chini na ukuta uliobaki wazi unakunywa maji ya masika mpaka unayeyuka. Unatakiwa kupaka chokaa kila mara na kuziba nyufa zikiwa ndogo, kazi ya fundi na ndoo, siyo kazi ya mamilioni.

Ndo maana inaniuma. Beit al-Ajaib kipande kilianguka 2012, tukaona wote, na tarehe 25 Disemba 2020 sehemu ya mbele ikaporomoka ikaua watu wawili waliokuwa kazini. Nyumba ambayo kila mtu anaipiga picha, ipo katikati ya mji, siyo huku Mtoni kwenye miti.

Kabla sijaondoka nilizunguka ukuta wa upande wa bahari. Matundu ya boriti bado yapo, yamejipanga safu moja juu sawasawa, ukiyatazama unajua kabisa sakafu ya ghorofani ilipita wapi na chumba kilikuwa na upana gani. Niliingiza mkono kwenye moja la chini, ndani kulikuwa na unga wa mti.