Mshale Uko Kwenye Saba

Ilikuwa mwaka 2015, Dar es Salaam. Ubongo Kids, katuni ya kuelimisha watoto, ilikuwa na mwaka mmoja tu hewani kwenye televisheni ya TBC1, na wengi tulioandikia watoto katuni za Kiswahili tulikuwa tunajifunza kazi huku tukiifanya. Kipindi changu kilihusu kusoma saa, na kifaranga ndiye aliyefundisha kwa wimbo. Rasimu niliiandika kwa Kiingereza ili wafadhili waisome, kisha nikaifasiri.

Tukaenda kuijaribu katika shule moja ya msingi Temeke: kompyuta juu ya dawati, spika ndogo, watoto wamebanana. Michoro ilikuwa bado ya penseli. Siku ya majaribio mwandishi hatazami katuni, anatazama macho ya watoto. Yakihama, unaandika dakika na sekunde. Dakika ya tatu hayakuhama, ila nyuso zilikunjamana.

"Anko," akasema binti mmoja wa darasa la pili, kidole kimegusa kioo, "kifaranga kasema saa moja. Mbona mshale uko kwenye saba?"

Nikamwambia ni saa moja asubuhi. Akajibu kwamba hilo analijua, wimbo ndio unadanganya.

Kweli ulidanganya. Wimbo ulisema namba ya mshale mfupi ndiyo saa. Kwa Kiingereza ni sawa. Sisi tunaanza kuhesabu jua likichomoza, na huku karibu na ikweta linachomoza karibu wakati uleule mwaka mzima, kwa hiyo saba ya kwenye saa ndiyo saa moja yetu. Nimekua nikilijua hilo, na bado nililiandika kosa lile kwa mkono wangu.

"Wewe unasomaje?" nikamuuliza.

Akaweka kidole kwenye saba, akakiburuta taratibu kupita katikati ya saa hadi ng'ambo: moja. "Bibi kanifundisha. Unavuka." Nane, akavuka, mbili. Tisa, akavuka, tatu. Wenzake nao wakaanza kuvuka, vidole hewani, wanapiga kelele za namba mpaka mwalimu wa darasa la jirani akachungulia.

Mchoraji wetu alinuna siku mbili, nami sikumlaumu. Wimbo mzima ulibidi uchorwe upya. Katika skripti mpya kifaranga anatembea juu ya uso wa saa, kutoka saba hadi moja, akiimba neno moja kila anapofika katikati. Neno hilo ni la yule binti, sikuligusa: "Unavuka!"