Maneno 25

Agosti 1984, nikiwa na miaka 12, nilikuwa likizoni Nakuru kwa nyanya yangu mzaa mama. Mvua ilitufungia ndani tangu saa nane. Nyanya akashusha mkebe wa biskuti kutoka juu ya kabati, akatoa fomu iliyokunjwa mara nne.

“Hesabu maneno,” akaniambia.

Kijerumani sikukijua, sisi wawili tuliongea Kiswahili. Nikapitisha kidole neno kwa neno. 23.

“Hesabu tena.”

23.

Ndipo akanisimulia. Mwanzoni mwa 1939 yeye na babu walitoroka Breslau, mji wa Ujerumani wakati ule ambao leo ni Wrocław, Polandi, wakashuka Mombasa. Wazazi wake walibaki wakingoja viza. Septemba vita vikaanza, na barua kati ya Ujerumani na koloni la Mwingereza zikakatika. Babu, Myahudi aliyemkimbia Hitler, akatiwa kizuizini na Waingereza kwa kuwa Mjerumani! Njia iliyobaki ilikuwa Msalaba Mwekundu, kupitia Geneva: habari za familia peke yake, maneno yasiyozidi 25, na wakaguzi wa pande zote wakiyasoma.

Ile fomu baba yake aliiandika Novemba 1941. Ilimfikia katikati ya 1942. Walikuwa wazima, ilisema, na huenda wangesafiri karibuni. Nyanya alijibu usiku uleule, kwenye fomu nyingine, akayamaliza maneno yote 25. Jibu halikurudi.

“Baba alikuwa mwalimu wa hesabu mpaka Wanazi walipomfukuza shuleni mwaka 1933,” akasema. “Hawezi kukosea kuhesabu. Yale mawili aliyabakisha.”

“Yepi, Nyanya?”

“Nayatafuta mwaka wa 42 huu.”

Hakulia. Alikuwa akiikunjua na kuikunja ile karatasi pale pale ilipokwisha kuchanika.

Nyanya alikuwa ameshazikwa nilipoyapata majina yao katika Kitabu cha Kumbukumbu cha Idara ya Nyaraka za Taifa ya Ujerumani, chenye majina ya Wayahudi walioangamizwa na Wanazi. Treni iliondoka Breslau tarehe 25 Novemba 1941. Tarehe 29 walipigwa risasi kwenye Ngome ya Tisa, Kaunas, Lithuania, pamoja na Wayahudi walioletwa kutoka Vienna. Watu 2,000 siku hiyo moja. Nilisoma tarehe hizo mara tatu, nikifikiria taa ya mafuta shambani Molo, alikoishi Nyanya wakati ule, na msichana anayechagua maneno yake moja moja kwa ajili ya watu waliouawa miezi mingi nyuma. Bado nashindwa kuamua kama ningemwambia.

Alasiri ile ya mvua alinipa daftari langu la shule, akawa anatafsiri taratibu, nami naandika kwa Kiswahili. Ninalo hadi leo. Tulipofika mwisho nikataka kutia nukta.

“Ngoja,” akasema. “Acha nafasi ya maneno mawili.”

Nikaacha.