Usiku Baba Aliposema "Simamisha Hapo"

Baba hakuwa mtu wa tamthilia. Lakini mwaka 2010 alivunjika mguu, akakaa kwangu karibu miezi miwili, mguu umenyooshwa juu ya kiti, akitazama ninachotazama kwa kuwa hakuwa na pa kwenda. Siku hizo nilikuwa nimenogewa na In Plain Sight, tamthilia ya Marekani iliyoanza kuonyeshwa 2008. Nilikuwa na diski za msimu wa kwanza, sehemu 12.

Mhusika mkuu ni Mary Shannon, ofisa wa U.S. Marshals, kikosi cha ulinzi cha serikali kuu ya Marekani, mjini Albuquerque, New Mexico, aliyeigizwa na Mary McCormack. Kazi yake ni kuwatunza mashahidi waliohamishwa makwao wakapewa majina mapya, kwa sababu wahalifu ambao mashahidi hao waliwataja wanawatafuta. Mary ana ulimi wa wembe. Nampenda mpaka leo, hasa akiwa garini anabishana na mwenzake Marshall Mann, yule mrefu anayejua habari za kila kitu. Hata mama yake na mdogo wake hawajui kazi yake hasa ni ipi. Baba alimkubali kwa hilo tu.

"Huyu anajua kufunga mdomo," alisema.

Usiku mmoja tukafika pale shahidi anapowekewa karatasi mezani asaini. Sehemu nyingi huanza hivyo: kwanza unaonyeshwa balaa aliloliona, halafu makaratasi, halafu jua kali la jangwani.

"Simamisha hapo," Baba akasema.

Nikabonyeza rimoti.

"Sasa mama yake akifa, nani atamwambia?"

Nikamweleza niliyokuwa nimeyasoma: kwamba mpango wenyewe ulitokana na sheria ya 1970 ya kupambana na magenge, kwamba barua za ndugu hupitia mikononi mwa maofisa, kwamba wengi hushauriwa wabaki na jina lao la kwanza ili wakiitwa wasichelewe kuitika. Nilijiona najibu vizuri. Baba alivua miwani, akaifuta kwa pindo la shati, akaivaa, akaivua tena.

"Mimi walinijia asubuhi," akasema.

Alikuwa kijana, mlinzi wa usiku kwenye ghala. Mwenzake wa zamu aligundua mzigo unatolewa kwa mlango wa nyuma, akasema atasema. Usiku uliofuata watu wanne walimpiga hapo hapo uwanjani. Baba alikuwa dirishani, hatua ishirini hivi, akamtambua mmoja wao kwa mwendo. Polisi walipomuuliza, alijibu alikuwa amelala.

"Sikuwa nimelala, mwanangu. Nilikuwa na mama yako na wewe tumboni. Hakukuwa na mtu wa kunipa jina jingine."

Nilitaka kumwambia kwamba hata mimi ningenyamaza, lakini sikuwa na hakika, na kumdanganya Baba usiku ule nisingeweza. Nikamshika mkono. Ulikuwa wa baridi.

Tamthilia ile iliendelea hadi Mei 2012, misimu mitano, na nimeitazama yote. Kila kalamu inapogusa karatasi bado huwa nanyoosha mkono kutafuta rimoti.

Usiku ule hatukuiwasha tena. Kabla hajalala, Baba alinitajia jina la yule mwenzake. Alilitaja mara mbili, polepole, kisha akaniambia nilirudie.